Okot p'Bitek na Jukwaa la Kisumu

Wanafunzi wa Kiswahili aghalabu humfahamu Okot p'Bitek kupitia Wimbo wa Lawino, tafsiri ya Paul Sozigwa ya mwaka 1975. Miaka yake ya Kisumu haitajwi sana, nayo ndiyo inayomfafanua.

Alizaliwa Gulu, Uganda, mwaka 1931. Mwaka 1956 alikwenda Uingereza na timu ya taifa ya kandanda, akabaki kusoma. Huko Oxford, katika anthropolojia, aliwasikia wahadhiri wakiwaita Waafrika washenzi, alilalamika, hakusikilizwa. Song of Lawino (1966) ilivunja kaida za ushairi wa Kiingereza kwa kufuata mwendo wa nyimbo za Kiacholi.

Alipokuwa mkurugenzi wa kituo cha utamaduni Kampala, aliikosoa serikali, akapoteza kazi. Akavuka mpaka. Kisumu alisimamia masomo ya nje ya chuo kikuu, na mwaka 1968 akaandaa tamasha la sanaa. Ugeni wake haukuwa mkubwa: Kiacholi na Kijaluo ni lugha za ukoo mmoja. Kwake, fasihi ilikuwa ile inayoimbwa na kuchezwa, hadhira ikishiriki. Ukumbi ambamo watu huketi kimya aliuona wa kuazima. (Mihadhara yetu mingi, naona, ingali ya kuazima hivyo.)

Alirejea Uganda baada ya Amin kuangushwa mwaka 1979. Mwaka 1982 Makerere ilimpa uprofesa wa uandishi wa kubuni. Alifariki Julai mwaka huohuo, baada ya miezi michache tu darasani.