Siti binti Saad na Sahani Zake

Msomaji wa Kibuyuni, aliyezoea kuwaona akina mama wakirudi pwani na mwani, hatapata shida kuifahamu Fumba. Nacho ni kijiji cha pwani, huko Unguja, na ndiko alikozaliwa Siti binti Saad yapata mwaka 1880. Wazazi wake, watu wanyonge, walimwita Mtumwa. Alifinyanga vyungu, akavinadi kwa sauti iliyotangulia kufika kabla ya mwenyewe.

Mwaka 1911 alihamia mjini, akafunzwa uimbaji na mwanachama wa Ikhwani Safaa. Taarabu ya zama hizo ilikuwa ya Kiarabu, ya majumba makubwa. Siti akaiimba kwa Kiswahili. Wako waliomkebehi kwa sura na kwa asili yake. Hakuwajali.

Machi 1928 alivuka bahari hadi Bombay pamoja na wenzake, akiwamo Mbaruk wa Mombasa, wakarekodi santuri. Mbele yake hapana mwimbaji mwanamke wa Afrika Mashariki aliyefanya hivyo. Sahani zilienea pwani nzima.

Lakini sahani hizo, zilizozunguka mara 78 kwa dakika, zilivunjika upesi kama vile vyungu vya Fumba. Zilizobaki zimejaa mikwaruzo. Siku hizi mafundi huziosha, huchagua sindano inayoenea mfereji, kisha huihamisha sauti kwenye mitambo ya kisasa. Hulinganisha pia mwendo, kwani ukizidi kidogo tu, sauti hupaa ikawa ya mtu mwingine. Baadaye huondoa mikwaruzo, na hapa ndipo penye hatari. Anayekwangua mno huondoa na pumzi ya mwimbaji na ncha za maneno.

Na kwa Siti, maneno ndiyo mali. Wimbo wake wa Kijiti ulisimulia mauaji ya mwanamke, na muuaji aliyekimbilia bara akaiponyoka hukumu. Mahakama haikumpata, wimbo ulimpata. Maneno yakimezwa, ushahidi nao umekwenda. Heri mikwaruzo kidogo na neno likasikika, kuliko usafi uliomnyamazisha mwenyewe.

Siti alifariki Julai 8, 1950. Mwenyezi Mungu amrehemu. Nawe ndugu msomaji, ukiwa na sahani kuukuu sandukuni mwa bibi, usiitupe kwa kuwa inakwaruza. Huenda ndani yake yumo mtu anayesema.