Shaaban Robert na Sisi wa Kuluba



Ndugu zangu katika imani, katika toleo hili nimeombwa niandike maisha ya Mwislamu mmoja mashuhuri aliyekwisha kutangulia mbele ya haki. Nimemchagua Shaaban Robert wa Tanga. Huenda mtu akauliza: mtoto wa Kuluba, wilaya ya Koboko, ana habari gani na mshairi wa pwani ya Bahari ya Hindi? Makala hii ni jibu langu.

Shaaban alizaliwa tarehe 1 Januari 1909 katika kijiji cha Vibambani, kusini mwa mji wa Tanga. Nchi ilikuwa chini ya Wajerumani. Alipokuwa na umri wa miaka mitano, Novemba 1914, Waingereza walishuka Tanga kwa meli wakapigana na Wajerumani na kushindwa. Vita vilipokwisha, ni Waingereza hao hao waliokuwa watawala. Kwa hiyo alikulia mahali ambapo bendera ilibadilika kabla yeye hajabaleghe.

Sisi wa West Nile hatuhitaji kuelezwa jambo hilo. Mwaka 1894 ardhi yetu ilikodishwa kwa Mfalme Leopold wa Ubelgiji, ikawa sehemu ya Lado. Baada ya kufa kwake ilikwenda Sudan mwaka 1910, na mwaka 1914 ikatiwa Uganda. Wazee wetu wa Kikakwa hawakuhama, mipaka ndiyo iliyowahama. Mpaka leo, ukitoka Kuluba, Sudan Kusini na Kongo zote ziko karibu, na katika nchi zote tatu tuna ndugu.

Jambo la pili ni nasaba. Wengi hudhani kwamba Shaaban alikuwa mtu wa pwani tangu babu na babu. Sivyo. Ukoo wake ulikuwa wa Wayao, watu wa kusini kabisa, upande wa Ruvuma na ziwa Nyasa. Tena jina la Robert ni la Kizungu, naye aliishi na kufa Mwislamu. Asili ya bara, jina la Ulaya, dini ya Kiislamu, lugha ya Kiswahili: vyote vilikaa ndani ya mtu mmoja bila kugombana. Yeye mwenyewe alijihesabu Mswahili, na hapana aliyemnyima haki hiyo, kwa sababu aliitumikia lugha kuliko wengi waliozaliwa nayo.

Alisoma Dar es Salaam kati ya mwaka 1922 na 1926, akawa wa pili miongoni mwa wanafunzi 11 waliopata cheti cha kumaliza shule. Kisha akaingia kazi ya ukarani katika idara ya forodha, akadumu humo mpaka 1944, miaka mingi akiwa Pangani. Hapo mto unakutana na bahari, majahazi yanaingia na kutoka, na karani anaandika mizigo na majina ya watu wa kila kabila. Mwaka 1944 alihamishiwa bara, idara ya wanyama, akafika Mpwapwa, nchi kavu isiyo na mnazi wala wimbi. Mwaka 1946 akarudi Tanga, ofisi ya wilaya, na tangu 1952 mpaka 1960 akafanya kazi idara ya upimaji ardhi.

Natazama orodha hiyo ya kazi nakuta kwamba hakuwa na shamba la urithi la kumlisha, wala hakufika chuo kikuu. Mchana alikuwa karani wa serikali ya kikoloni, katika ngazi ambayo Mwafrika hakuruhusiwa kuivuka. Vitabu aliviandika katika saa zilizobaki. Mwaka 1942 alifiwa na mkewe Amina, akamwombolezea kwa shairi linalosomwa mpaka leo. Watoto wake aliwatungia tenzi za mawaidha, na ya binti yake, Hati, imeingia katika shule nyingi.

Aliandika pia maisha yake mwenyewe, na maisha ya Siti binti Saad, mwimbaji wa Unguja aliyezaliwa Fumba katika nyumba maskini ya wafinyanzi. Vita vikuu vya pili alivitungia utenzi wa beti zipatazo 3,000. Kitabu chake cha Kusadikika, kilichotoka mwaka 1951, kinasimulia nchi iliyo angani, isiyo na ardhi, ambako mtu anashtakiwa kwa kutaka watu wafundishwe sheria. Wakoloni walikuwapo, naye aliyasema hayo chini ya pua zao. Mwenye kuishi chini ya sheria zilizotungwa mbali na kwao anajua kwa nini nchi hiyo haina ardhi.

Alifariki Juni 1962, akiwa na miaka 53, miezi michache tu baada ya uhuru wa Tanganyika. Baadhi ya vitabu vyake, kama Kufikirika na Utubora Mkulima, vilitoka yeye akiwa kaburini. Mwenyezi Mungu amrehemu.

Sasa nirudi kwetu. Hapa Uganda Kiswahili kimepewa sifa mbaya: ni lugha ya askari, ya vizuizi vya barabarani, ya wezi. Na sisi Waislamu wa Koboko tukikisema, tunaambiwa ni sawa, kwani sisi sote ni wa jeshi. Kinachosahauliwa ni kwamba lugha hii ilitupa hifadhi. Mwaka 1979 na 1980 jamaa zetu walipokimbilia Zaire na Sudan, Kiswahili na Kinubi ndivyo vilivyowaombea maji na mahali pa kulala kwa watu wasiowajua. Nyumbani kwetu bibi alitufundisha kuswali kwa Kinubi, akatukemea kwa Kikakwa, na mambo ya soko akayasema kwa Kiswahili. Nilipoanza kusoma Shaaban Robert, niliona kwamba mchanganyiko huo si aibu ya kufichwa. Suratul Hujurat imetutosha katika habari ya makabila. Mtu anayeichukua kwa moyo hana haja ya kutafuta damu safi.

Lakini kuna tofauti moja kati yetu na yeye, nayo inanisumbua. Yeye aliandika. Ukoo wake wa Kiyao, Pangani yake, msiba wake, vyote vimo vitabuni. Wazee wetu waliovuka mpaka kwa miguu, wakirudi na kukuta nyasi zimefunika nyumba, wanakufa mmoja mmoja na habari zao vifuani. Sisi tuna kalamu, simu za kurekodi sauti, na likizo ya miezi kadhaa kila mwaka.

Ombi langu kwa kila ndugu na dada atakayekwenda nyumbani likizo hii, awe wa Kuluba, Yumbe, Arua au Bombo, ni moja: aketi na mzee mmoja, amwulize alizaliwa wapi, alikimbilia wapi, alirudi lini, na aandike kwa lugha yoyote aijuayo. Karani wa forodha aliweza baada ya kazi. Sisi pia tutaweza, inshaallah.

Wabillahi tawfiq.