Mama Maybelle Carter: jina moja, sura nyingi

Mu kila orkestra ya familia kuna yule alianzisha na kuna yule alibakia, na mara mingi si mtu mumoja. Kwa Carter Family ya Marekani, aliyeanzisha ni A.P. Carter. Lakini aliyebeba jina hilo zaidi ya miaka 50 ni shemeji yake, Maybelle. Wasomaji wetu wa kampi na wa site, leo tunawaletea maisha ya huyu mama, juu alitoka kwenye nchi ya makaa ya mawe, pale wanaume walikuwa wanashuka chini ya udongo sawa vile wetu.

Alizaliwa tarehe 10 Mei 1909 kule Nickelsville, kwenye milima ya kusini-magharibi ya Virginia, mu familia ya Addington. Tangu utoto alishika gitare. Binamu yake Sara alikuwa ameolewa na A.P. Carter toka 1915. Mwaka wa 1926, Maybelle naye akaolewa na Ezra, mdogo wa A.P., ambaye watu walimwita Eck. Mabinamu wawili kwa ndugu wawili: kwetu pia tunajua ndoa za namna hii, na tunajua vile zinafunga nyumba mbili pamoja, kwa heri ao kwa matata. Eck alikuwa na mushahara wa kweli, alichagua barua ndani ya treni za posta. A.P. yeye alizunguka akiuzisha miti ya matunda, kichwa chake kikiwa paka kwenye nyimbo.

Mwezi wa 8 mwaka 1927, Ralph Peer, mtu wa kampuni ya sahani Victor, alikuja mu muji wa Bristol kutafuta sauti za watu wa milimani. A.P., Sara na Maybelle wakaenda na motokari ya Eck. Maybelle alikuwa na miaka 18 na mimba kubwa. Helen, mtoto wake wa kwanza, alizaliwa tarehe 12 ya mwezi uliofuata. Kwa siku mbili waliimba nyimbo sita, dola 50 kwa kila wimbo. Dola 300 kwa watu wa shamba ya mahindi, ile wakati, zilikuwa makuta ya kweli. Peer alikuwa sawa negosia wa leo kwenye depo: hashuki ndani ya shimo, lakini kilo iko kwake, na karatasi iko kwake.

Tusimame kidogo kwenye gitare, maana hapo njo nguvu ya huyu mama. Mbele yake, kwenye vikundi vya milima ile, violini njo ilikuwa inaongoza, gitare inafuata nyuma. Maybelle aliigeuza kazi: kwa kidole gumba alipiga wimbo wenyewe kwenye kamba nene za chini, na vidole vingine vikapangusa kamba nyembamba kushika mapigo. Gitare moja ikafanya kazi ya mbili. Wazee wetu waliomusikia Mwenda wa Bayeke kwa kidole gumba na kidole cha shahada, tangu ile siku Hugh Tracey alimurekodi Jadotville mwaka wa 1952, hawatashangaa. Hatusemi mumoja alifundisha mwingine. Tunasema paka kwamba mkono unaojua kufanya kazi mbili unatambulikana popote. Mwaka wa 1928 Maybelle alinunua Gibson L-5 kwa dola 275, karibu zote zile watu watatu walipata Bristol. Hakuiacha mpaka uzee.

Nyimbo zilitoka wapi? A.P. alizunguka mabonde na kampi za makaa, akabisha mulango kwa mulango, akiomba watu wamwimbie za zamani. Maneno aliyaandika, lakini sauti ya wimbo ilimupotea njiani. Kwa hiyo alitembea na Lesley Riddle, mupiga gitare mweusi wa Kingsport, aliyepoteza mguu ndani ya kiwanda ya simenti. Riddle alisikia wimbo mara moja na kuurudisha nyumbani ndani ya kichwa. Maybelle naye alijifunza kwake mambo ya vidole. Lakini kwenye sahani jina liliandikwa A.P. Carter, na haki za nyimbo zilipita kwa Peer. Mu 1938 walirekodi hata wimbo wa uchungu wa mchimba makaa, Coal Miner's Blues. A.P. alitembea, alitafuta, alishona vipande, hatumuiti mwizi. Lakini jina la Riddle halikuandikwa, na mkrezeri yeyote anayesoma hapa anaelewa hiyo hesabu bila sisi kuieleza. Maybelle ndiye aliyemutaja baadaye kwa Mike Seeger, ambaye alimupata Riddle kule Rochester mu 1965.

Nyumba ya A.P. na Sara ilivunjika. Bwana alikuwa anakosekana majuma kwa majuma akifuata nyimbo, na bibi akapenda mwingine, Coy Bayes, binamu ya A.P. mwenyewe. Waliachana mu miaka ya 1930. Ajabu ni kwamba waliendelea kuimba pamoja, Sara mbele, A.P. pembeni, Maybelle katikati na gitare. Kazi ilikuwa kazi. Kuanzia 1938 walikuwa kwenye XERA, radio ya Mexico mpakani na Texas, yenye nguvu kubwa mpaka ilisikilikana Marekani karibu yote. Hapo njo watoto waliingia: Janette wa A.P. na Sara, kisha Helen, June na Anita wa Maybelle. Anita alikuwa na miaka sita mu 1939. Mwaka ule ule Sara aliolewa na Coy.

Mu 1943 Sara akaacha, akafuata bwana yake California. A.P. akarudi bondeni kufungua duka. Watu wengi walifikiri Carter Family imekwisha, na Maybelle angeweza kukaa nyumbani na kula mushahara wa Eck. Yeye akapanga upya: Helen kwenye akordeoni, Anita kwenye besi kubwa, June kwenye otohapu na vichekesho, mama kwenye gitare. Richmond, Knoxville, Springfield, radio kwa radio. Njiani wakamuchukua Chet Atkins, kijana wa gitare. Grand Ole Opry ya Nashville iliwataka bila huyo kijana, wakakatala. Mu 1950 waliingia wote, Chet pamoja.

Toka 1952 kulikuwa nyumba mbili: A.P., Sara na watoto wao Janette na Joe walirekodi tena kule Virginia, na Maybelle na mabinti wake walikuwa Nashville. A.P. alikufa tarehe 7 Novemba 1960. Baada yake, kikundi cha Maybelle kikachukua jina Carter Family kabisa.

Usifikiri jina lililisha. Muziki wa aina yake ulipopungua soko, huyu mama aliyekuwa anajulikana nchi nzima alifanya kazi ya kulinda wagonjwa usiku. Kwetu, huu njo ukurasa mzuri kupita ule wa tuzo. Kisha vijana wa vyuo wakaanza kutafuta muziki wa zamani. Alipiga Newport mu 1963, na mu 1967 akasimama pale tena na Sara. Johnny Cash aliwachukua kwenye safari zake, na mu 1968 akaoa June. Mu 1970 A.P., Sara na Maybelle waliingizwa kwenye Country Music Hall of Fame, kikundi cha kwanza kupata hiyo heshima.

Maybelle alikufa Nashville tarehe 23 Oktoba 1978. Sara alimufuata tarehe 8 Januari 1979. Helen, June na Anita waliendelea, na Carlene, binti ya June, alisimama nao kwa wakati. Helen alikufa 1998, Anita 1999, June 2003. Janette alibakia bondeni. Toka 1974 alikuwa anapanga muziki kila juma, kwanza ndani ya lile duka la baba yake. Gitare ya dola 275 iko Nashville, ndani ya kioo cha Hall of Fame.