Kurt Gödel

Kurt Friedrich Gödel (Brno, 28 Aprili 1906 – Princeton, 14 Januari 1978) alikuwa mtaalamu wa mantiki na hisabati kutoka Austria, ambaye baadaye alipata uraia wa Marekani. Anajulikana hasa kwa nadharia zake za kutokamilika za mwaka 1931. Mwaka 1949 alionyesha pia kwamba milinganyo ya Albert Einstein haikatazi safari ya kurudi katika wakati uliopita.

Maisha

Gödel alizaliwa katika familia ya Wajerumani mjini Brno, uliokuwa sehemu ya Austria-Hungaria na leo uko Ucheki. Utotoni aliuliza maswali mengi mno hata nyumbani wakamwita Bwana Kwa Nini.

Mwaka 1924 alijiunga na Chuo Kikuu cha Vienna, akaanza na fizikia kisha akahamia hisabati. Mwaka 1936 mwanafalsafa Moritz Schlick, aliyekuwa mmoja wa walimu wake, aliuawa kwa risasi chuoni hapo na mwanafunzi wake wa zamani. Gödel aliugua akili kwa mshtuko huo, na hofu ya kulishwa sumu iliendelea kumwandama.

Mwaka 1938 alimwoa Adele Nimbursky, aliyewahi kuwa mcheza dansi. Mwaka huohuo Ujerumani ya Hitler iliitwaa Austria, na baadaye jeshi likamwona Gödel anafaa kuandikishwa. Januari 1940 yeye na mkewe waliondoka. Kwa kuwa vita vilifanya Bahari ya Atlantiki kuwa ya hatari, walivuka Siberia kwa treni, wakapitia Japani na kufika San Francisco kwa meli. Kutoka hapo walienda Princeton, ambako Gödel alifanya kazi hadi kustaafu.

Nadharia za kutokamilika

Wanahisabati wengi, akiwemo David Hilbert, walitumaini kwamba hisabati yote ingeweza kujengwa juu ya kanuni chache na kuthibitishwa kuwa haina mkinzano. Gödel alithibitisha kwamba mfumo wowote wa kanuni unaotosha kwa hesabu za kawaida, ikiwa haujipingi, una kauli za kweli zisizoweza kuthibitishwa ndani yake. Tena, mfumo huo hauwezi kuthibitisha wenyewe kwamba haujipingi.

Safari katika wakati

Huko Princeton, Gödel na Einstein walikuwa marafiki wakubwa, na mara nyingi walitembea pamoja kwa miguu kwenda na kutoka kazini. Einstein alipotimiza miaka 70, Gödel alitoa jibu jipya la milinganyo ya nadharia ya uhusianifu: ulimwengu ambao maada yake yote inazunguka. Humo msafiri mwenye chombo chenye kasi ya kutosha, angalau asilimia 71 hivi ya kasi ya nuru, angeweza kufuata njia inayomrudisha katika wakati wake uliopita.

Ulimwengu huo haupanuki, kwa hiyo si huu wetu. Lakini kwa Gödel hoja ilikuwa nzito zaidi: kama yaliyopita yanaweza kufikiwa tena, basi hayajapita, na wakati unaosonga mbele si kitu halisi. Einstein aliikubali hesabu, ila akauliza kama majibu ya namna hiyo hayapaswi kukataliwa kwa sababu za kifizikia.

Kifo

Uzeeni Gödel alikula tu chakula alichoandaa au kuonja Adele. Mwaka 1977 Adele alilazwa hospitalini kwa miezi kadhaa, na Gödel akakataa kula. Alifariki kwa njaa, akiwa na uzito wa takriban kilo 30.

Urithi

Kazi yake ya 1931 ilimsaidia Alan Turing kuonyesha mipaka ya mashine za kukokotoa, msingi wa sayansi ya kompyuta. Tuzo ya Gödel hutolewa kila mwaka katika fani hiyo tangu 1993. Kuhusu wakati, Stephen Hawking alipendekeza mwaka 1992 kwamba sheria za fizikia huzuia safari za kurudi nyuma, lakini pendekezo hilo halijathibitishwa.