Denis Jenkinson, mwandishi wa habari aliyeandika mbio za magari akiwa ndani ya gari

Tarehe 1 mwezi wa tano mwaka wa 1955, saa moja na dakika 22 asubuhi, gari moja la rangi ya fedha lilishuka kwenye jukwaa la mbao mjini Brescia, kaskazini mwa Italia, na kuanza safari ya karibu kilometa 1,600 hadi Roma na kurudi. Usukani ulishikwa na Stirling Moss, kijana Mwingereza wa miaka 25. Pembeni yake aliketi mtu mfupi, mwenye ndevu nyingi na miwani, ambaye hakuwa dereva wala fundi. Alikuwa mwandishi wa habari. Jina lake ni Denis Jenkinson, na wapenzi wa magari huko Uingereza walimwita Jenks tu.

Alizaliwa London tarehe 11 mwezi wa kumi na mbili mwaka wa 1920. Alisomea ufundi wa mashine, na tangu ujana wake hakuwa na hamu nyingine isipokuwa moteri: namna zinavyotengenezwa, namna zinavyoharibika, na namna mtu anavyoweza kuziendesha hadi mwisho wa uwezo wake. Vita kuu ya pili ya dunia ilipoanza mwaka wa 1939, vijana wa rika lake waliitwa jeshini. Yeye alikataa kubeba silaha kwa sababu ya dhamiri yake. Kukataa namna hiyo hakukuwa jambo jepesi. Waliokataa walipaswa kujieleza mbele ya baraza maalum, na wengi walitukanwa na majirani zao kuwa ni waoga. Ni vizuri kukumbuka jambo hilo, kwani mtu huyu huyu ndiye baadaye alikubali kuketi kwenye vyombo ambavyo askari wengi wasingethubutu kupanda.

Wakati wa vita alitumikia kama raia katika kituo cha serikali cha uchunguzi wa ndege huko Farnborough. Hapo alikutana na watu wenye ugonjwa kama wake, wa kupenda magari. Mmoja wao alikuwa Bill Boddy, mhariri wa gazeti la kila mwezi liitwalo Motor Sport. Mafuta yalikuwa haba, mashindano yalikuwa yamesimamishwa, lakini Boddy alihangaika ili gazeti lisife. Urafiki wao ndio ulimpatia Jenkinson kazi ya maisha yake yote.

Vita vilipokwisha alitaka kushindana yeye mwenyewe. Alijaribu kwa pikipiki na kwa gari, lakini mfuko wake haukuruhusu. Ndipo akapata njia nyingine ya kufika kwenye mashindano makubwa bila kununua chombo: akawa abiria. Katika mbio za pikipiki zenye kigari cha pembeni, abiria si mzigo. Kwenye kona anainama nje hadi mwili wake karibu uguse lami, ili chombo kisipinduke. Akichelewa kidogo, wote wawili wanaanguka. Jenkinson alikuwa mwepesi wa mwili na hakuwa mwoga. Mwaka wa 1949, mwaka wa kwanza kabisa wa ubingwa wa dunia wa pikipiki za aina hiyo, yeye na dereva Eric Oliver walitwaa taji hilo wakiwa na Norton. Kwa hiyo yule ambaye baadaye wasomaji walimjua kama mwandishi alikuwa tayari bingwa wa dunia. Hilo si jambo ambalo waandishi wengi wa michezo wanaweza kulidai.

Baadaye alichukua kalamu kikamilifu. Motor Sport ilimfanya mwandishi wake wa bara la Ulaya. Kila mwaka, majira ya joto yalipoanza, alivuka bahari akiwa na gari dogo aina ya Porsche 356, na miaka iliyofuata Jaguar E-type, akazunguka Ufaransa, Ubelgiji, Ujerumani na Italia akifuata mashindano moja baada ya lingine. Mwisho wa ripoti zake aliweka herufi tatu tu, D.S.J. Siku hizo hakukuwa na televisheni ya kuonyesha mbio kila juma pili. Msomaji wa Uingereza aliyetaka kujua kilichotokea Monza au Spa alingoja gazeti lile lenye jalada la kijani mwezi mzima.

Aliandika tofauti na wenzake. Hakutaka sana kujua dereva amekula nini au ana mchumba gani. Aliandika kuhusu freni, gia, magurudumu, na juu ya yote kuhusu kitu ambacho mtazamaji wa pembeni hakioni: dereva bado ana nguvu kiasi gani akibani? Kwake dereva wa kawaida anatumia sehemu ndogo ya uwezo wake; dereva mkubwa anaweza kufika sehemu kumi juu ya kumi, na kwa muda mfupi tu. Mawazo hayo aliyaweka katika kitabu chake The Racing Driver, kilichotoka mwaka wa 1958.

Ili kuelewa jambo hilo vizuri, alitaka kuwa ndani. Mille Miglia ya mwaka wa 1955 ilimpa nafasi.

Shindano hilo lilianza mwaka wa 1927. Halikukimbiwa kwenye uwanja wa mbio bali katika barabara za kawaida za Italia, kupitia vijiji, miji, madaraja na milima, huku watu wakisimama pembeni bila kizuizi chochote. Waitalia walishinda karibu kila mara kwa sababu walizijua barabara zao. Mgeni angewezaje kukariri kona za kilometa 1,600? Jenkinson alilizungumza swali hilo na John Fitch, dereva Mmarekani wa kundi la Mercedes-Benz. Wazo walilofikia ni kwamba barabara yote iandikwe, na abiria amsomee dereva. Baadaye, Moss alipopewa gari kubwa zaidi na kumwalika Jenkinson, Fitch alimwacha mwenzake aende, kwani huko ndiko nafasi ya kushinda ilikuwa kubwa. Yeye mwenyewe alikimbia na gari dogo zaidi, akamaliza wa tano.

Moss na Jenkinson walizunguka njia ile mara kadhaa kabla ya siku yenyewe. Kila kona ya hatari, kila kilima kinachoficha barabara, kila njia ya reli na kila pahali penye utelezi, Jenkinson aliandika. Kisha alinakili yote kwenye karatasi moja ndefu kupita metre 5, akaizungusha ndani ya kisanduku cha aluminium chenye dirisha la plastiki, ili mvua na upepo visiiharibu. Walijaribu chombo cha kuongea masikioni lakini wakakiacha. Mwingereza yule akiendesha kwa nguvu zake zote, akili yake haikupokea maneno. Wakatunga ishara za mikono: hii ni kona kali ya kushoto, hii ni kona ya kupita bila kupunguza, hii ni hatari.

Gari lenyewe, Mercedes-Benz 300 SLR, lilikuwa na moteri ya silinda 8 yenye nguvu za farasi karibu 300, na liliweza kupita kilometa 270 kwa saa. Halikuwa na paa. Mikanda ya usalama hawakufunga. Kwenye bodi iliandikwa namba 722, maana kila gari lilibeba namba ya saa yake ya kuondoka kwa saa ya Ulaya.

Hesabu yote ilikuwa juu ya imani. Pahali ambapo barabara inapanda kilima na dereva haoni ng'ambo, busara inasema apunguze mwendo. Moss hakupunguza. Aliuangalia mkono wa abiria wake, na mkono ukisema njia imenyooka, alikanyaga hadi chini na gari likaruka hewani. Kosa moja la kusoma, mstari mmoja kurukwa kwenye ile karatasi, na wote wawili wangekufa, pengine pamoja na watazamaji wengi. Kwa zaidi ya masaa kumi Jenkinson hakupoteza mstari. Njiani, moshi, joto na kona vilimchafua tumbo; alipotoa kichwa nje ili atapike, upepo ulimnyang'anya miwani. Alikuwa amebeba miwani ya pili mfukoni. Watu wanaosimulia mbio hizo husahau jambo hilo dogo, lakini bila ile miwani ya akiba karatasi yote isingekuwa na faida.

Eugenio Castellotti aliwapita mapema kwa Ferrari, akaharibu magurudumu na hatimaye gari. Walipofika Roma, Moss ndiye aliyeongoza, na Waitalia walikuwa na usemi kwamba anayeongoza Roma hashindi. Usemi huo ulianguka siku ile. Kupitia Siena, Firenze na milima ya kuelekea Bologna hawakulegeza mwendo. Walirudi Brescia baada ya masaa 10, dakika 7 na sekunde 48, kwa wastani wa kilometa 157 na nusu hivi kwa saa. Juan Manuel Fangio wa Argentina, bingwa wa dunia aliyekimbia peke yake bila abiria, alifika wa pili, nusu saa na zaidi nyuma yao.

Kisha Jenkinson aliketi na kufanya kazi yake. Masimulizi yake yalitoka katika Motor Sport ya mwezi wa sita mwaka ule, marefu, bila kujisifu, na mpaka leo yanahesabiwa kati ya habari bora zilizowahi kuandikwa kuhusu mbio za magari.

Furaha haikudumu. Tarehe 11 mwezi huo huo wa sita, huko Le Mans nchini Ufaransa, gari lingine la Mercedes liliruka na kuangukia watazamaji. Zaidi ya watu 80 walikufa, na mwisho wa mwaka kampuni hiyo ilijiondoa kwenye mbio. Moss na Jenkinson walirudi Mille Miglia mwaka wa 1956 wakiwa na Maserati. Mvua iliwatoa barabarani, lakini walitoka wazima. Mwaka wa 1957 kanyagio la freni lilikatika muda mfupi baada ya kuanza. Siku ile ile, karibu na Guidizzolo, Ferrari ya Alfonso de Portago iliacha barabara. Yeye, abiria wake Edmund Nelson na watazamaji tisa, watano kati yao wakiwa watoto, walipoteza maisha. Serikali ya Italia ikakataza. Muda wa Moss na Jenkinson haukuvunjwa tena, kwani shindano la namna ile halikuwepo tena.

Hapa ndipo maisha ya Jenkinson yanakuwa magumu kuyapima. Mtu aliyekataa vita kwa dhamiri hakukubali kwamba mbio zipunguziwe hatari. Jackie Stewart wa Scotland, baada ya kunaswa ndani ya gari lililojaa mafuta huko Spa mwaka wa 1966, alianza kudai vizuizi vya chuma, madaktari viwanjani na mikanda. Jenkinson alimshambulia kwa maneno makali gazetini. Stewart alimjibu kwa maandishi, naye kwa ukali. Kwa Jenkinson, ustadi bila hatari haukuwa ustadi kamili, na anayeogopa yuko huru kukaa nyumbani. Stewart alikuwa amehesabu marafiki aliowazika. Miaka imempa haki Stewart: viwanja vilibadilika, na madereva wengi wako hai kwa sababu hiyo. Jenkinson hakuweza kushitakiwa kwamba alihatarisha maisha ya wengine tu, kwani ya kwake aliyaweka mezani kwanza; lakini wajane hawakupata faraja katika hoja hiyo.

Aliwaweka madereva wachache juu ya wengine wote: Alberto Ascari, Moss, Jim Clark, Gilles Villeneuve na Ayrton Senna. Kati ya hao watano, wanne walikufa wakiendesha gari. Senna alikufa Imola tarehe 1 mwezi wa tano mwaka wa 1994, miaka 39 kamili tangu siku ile ya Brescia.

Pesa na raha havikumshughulisha. Aliishi Hampshire katika nyumba ndogo ya zamani isiyounganishwa na umeme wa mji, akitumia jenereta, huku vipande vya moteri, pikipiki na marundo ya karatasi vikijaa kila pahali. Aliendelea kupanda pikipiki hadi uzeeni, na kuandikia gazeti lile lile alilolianza kijana.

Miaka yake ya mwisho alipatwa na kiharusi mara kadhaa. Alifariki tarehe 29 mwezi wa kumi na moja mwaka wa 1996, siku chache kabla ya kutimiza miaka 76. Moss aliishi hadi mwaka wa 2020. Gari lao limehifadhiwa na Mercedes-Benz, na namba 722 ingali imeandikwa kwenye bodi yake kwa rangi nyekundu.