Louis Leakey: Mtoto wa Wamisionari Aliyesoma Majivu ya Volkano



Sisi tunaoishi Moshi humwona Kibo kila mawingu yanapofunguka, lakini ni mara chache tunakumbuka kwamba mlima huu ulizaliwa kwa moto. Shira, Mawenzi na Kibo zote ni volkano, na udongo unaolisha migomba na kahawa ya vihamba vyetu umetokana na mawe na majivu yake. Majivu ya volkano za namna hiyo, upande wa Ngorongoro, ndiyo yaliyotunza mifupa iliyomfanya Louis Leakey ajulikane duniani.

Leakey alizaliwa tarehe 7 Agosti 1903 huko Kabete, Kenya. Wazazi wake walikuwa wamisionari wa Kianglikana kati ya Wakikuyu, naye alikua akisema Kikikuyu kama watoto wenzake. Alikwenda kusoma Cambridge akiwa na nia ya kuwa mmisionari. Mwaka 1924 alijiunga na msafara uliokwenda Tendaguru, Lindi, kuchimba mifupa ya dinosaria. Baadaye alichagua kutafuta chimbuko la binadamu, akishikilia kwamba litapatikana Afrika, wakati wataalamu wengi walitazama Asia.

Mwaka 1931 alifika Bonde la Olduvai pamoja na Hans Reck, Mjerumani aliyekuwa amefukua hapo mifupa ya mtu mwaka 1913. Leakey alikubaliana naye kwamba mifupa hiyo ilikuwa ya kale sana. Uchunguzi ulipoonyesha kwamba mtu yule alizikwa zama za baadaye katika tabaka la zamani, wote wawili walikiri hadharani mwaka 1933. Sisi tunaosoma falsafa tunaona hapo somo: anayetafuta ukweli kwa dhati hukubali kusahihishwa nao.

Mwaka 1948, katika kisiwa cha Rusinga, Ziwa Victoria, mkewe Mary alipata fuvu la Proconsul, mnyama wa jamii ya sokwe aliyeishi takriban miaka milioni 18 iliyopita. Tarehe 17 Julai 1959, Louis akiwa kambini na homa, Mary aliliona fuvu la Zinjanthropus pale Olduvai. Tabaka la majivu lilipopimwa, umri wake ulionekana kuwa miaka milioni 1.75. Fuvu hilo limehifadhiwa Makumbusho ya Taifa, Dar es Salaam.

Maisha ya Leakey hayakukosa kasoro. Ndoa yake ya kwanza ilivunjika, na baadhi ya madai yake ya kisayansi yalikataliwa. Alifariki London tarehe 1 Oktoba 1972, akazikwa Limuru.

Vijana wa jumuiya zetu huuliza kama mifupa hiyo inaifuta habari ya Adamu. Tusiwanyamazishe. Katika waraka Humani Generis wa mwaka 1950, Papa Pius XII aliruhusu wataalamu wachunguze asili ya mwili wa binadamu, huku akifundisha kwamba roho huumbwa na Mungu moja kwa moja. Kwa hiyo jiwe la Olduvai lina jambo la kutuambia kuhusu mwili wetu na muda mrefu wa uumbaji. Swali la kwa nini tupo, na tunaelekea kwa nani, haliwezi kujibiwa na jiwe. Kijana akifundishwa kuyatofautisha maswali hayo mawili, atasoma sayansi kwa bidii na Jumapili ataingia kanisani bila hofu.