Red Dutton: Mlezi wa timu iliyokufa kwa kukosa uwanja

TIMU ya hoki ya barafu iliyoitwa Brooklyn Americans ilimaliza msimu wake wa mwisho mwaka 1942 bila kucheza hata mechi moja ya nyumbani katika eneo lililobeba jina lake. Wachezaji wake walifanya mazoezi Brooklyn, lakini siku ya mechi walivuka kwenda Manhattan, katika ukumbi wa Madison Square Garden, wakiwa wapangaji wa mwenye nyumba aliyekuwa na timu yake mwenyewe. Aliyebuni jina hilo, kwa matumaini ya kuipatia klabu makao ya kudumu, alikuwa kocha na meneja wake, Mervyn Dutton, aliyejulikana zaidi kwa jina la Red kutokana na nywele zake nyekundu.

Dutton alizaliwa Julai 23, 1897, katika mji mdogo wa Russell, jimbo la Manitoba nchini Kanada. Majina aliyopewa na wazazi wake yalikuwa Norman Alexander, lakini hilo la Mervyn, alilobandikwa na rafiki wa familia, ndilo lililodumu. Vita Kuu ya Kwanza ilipozuka alijiunga na jeshi la Kanada akiwa kijana, na mwaka 1917, katika mapigano ya Vimy huko Ufaransa, vipande vya kombora vilimjeruhi vibaya mguuni. Madaktari walitaka kuukata mguu huo. Alikataa katakata, na baada ya vita akajifunza upya kuteleza juu ya barafu, saa nyingi kila siku, hadi mguu uliporejewa na nguvu.

Alianza kucheza hoki ya kulipwa mwaka 1921 akiwa beki wa Calgary Tigers, klabu ya ligi ya magharibi mwa Kanada. Mwaka 1924 timu hiyo ilifika fainali ya Kombe la Stanley, taji kubwa kuliko yote katika mchezo huo, ikafungwa na Montreal Canadiens. Miaka miwili baadaye ligi yenyewe ilivunjika, kwa kuwa miji ya magharibi haikuwa na watazamaji wa kutosha kulipia mishahara iliyokuwa ikipanda kila mwaka. Wachezaji waliuzwa mashariki kwa mafungu: wa Victoria wakapelekwa Detroit, wa Portland wakapelekwa Chicago. Dutton alinunuliwa na Montreal Maroons ya Ligi ya Taifa ya Hoki, maarufu kama NHL. Hiyo ikawa mara yake ya kwanza kushuhudia klabu ikifa, wala haikuwa ya mwisho.

Msomaji aliyezoea ligi ambazo timu hupanda na kushuka daraja huenda akashangazwa na utaratibu wa Marekani Kaskazini. Huko klabu ya kulipwa ni kibali cha kushiriki ligi, na mwenye kibali anaweza kukiuza, au kukihamishia mji mwingine kwa ridhaa ya wenzake. Mashabiki wanaweza kulala wakiwa na timu wakaamka hawana. Katika miaka ya 1930 Pittsburgh Pirates ilihamia Philadelphia ikafa baada ya msimu mmoja, Ottawa Senators ikahamia St. Louis ikapatwa na hayo hayo, na Maroons yenyewe ikasimamisha shughuli zake mwaka 1938, ikiwaachia Canadiens peke yao ukumbi wa Forum uliojengwa kwa ajili yake mwaka 1924.

Dutton alikuwa ameondoka Montreal mapema, mwaka 1930, kujiunga na New York Americans. Klabu hiyo nayo ilikuwa zao la uhamisho. Asili yake ni Quebec, iliyohamishiwa mji wa Hamilton mwaka 1920. Mwaka 1925 wachezaji wa Hamilton, wakiwa vinara wa ligi, waligoma wakidai dola 200 kila mmoja kwa kuwa idadi ya mechi ilikuwa imeongezwa kutoka 24 hadi 30. Ligi iliwafungia. Haki za wachezaji hao zikauzwa kwa dola 75,000 kwa Bill Dwyer, tajiri wa New York aliyechuma mali yake kwa biashara haramu ya pombe.

Americans ndiyo timu iliyofungua pazia la hoki ya NHL katika Madison Square Garden Desemba 1925, ikiwa na jezi zenye nyota na rangi za bendera ya Marekani. Watu walifurika. Wenye ukumbi walipoona mapato hayo, waliamua kuanzisha timu yao wenyewe, na mwaka 1926 ikazaliwa New York Rangers. Kuanzia hapo Americans ikawa mgeni katika nyumba aliyoizindua. Rangers ilitwaa Kombe la Stanley mwaka 1928, katika msimu wake wa pili tu, wakati Americans ikiendelea kulipa kodi ya pango.

Uwanjani Dutton hakuwa mtu wa kuonewa. Mara mbili aliongoza ligi nzima kwa dakika za adhabu, na mabeki wachache walitamani kugongana naye. Mwaka 1935 alikabidhiwa ukocha huku akiendelea kucheza, akatundika viatu mwaka uliofuata. Wakati huo huo Dwyer, aliyewahi kufungwa jela na ambaye biashara yake iliporomoka baada ya pombe kuhalalishwa tena mwaka 1933, alifilisika. Ligi ilichukua umiliki wa klabu na kumwachia Dutton jukumu la kuiendesha. Akawa kocha, meneja na mtafuta fedha kwa wakati mmoja.

Ushindi wake mtamu zaidi ulikuja Machi 1938. Katika mechi za mtoano Americans ilikutana na Rangers, mpangaji dhidi ya mwenye nyumba. Mechi ya tatu, iliyokuwa ya kuamua, ilikwenda hadi kipindi cha nne cha muda wa nyongeza kabla ya Lorne Carr kufunga bao la tatu na kuivusha Americans kwa mabao 3-2. Hata hivyo, timu hiyo haikupata kufika fainali katika misimu yake yote 17.

Dutton alitambua kuwa nguo ya kuazima haisitiri maungo. Aliamini timu ingepona iwapo tu ingekuwa na ukumbi wake, na macho yake yakaelekea Brooklyn. Ndiyo maana mwaka 1941 aliibadili jina. Lakini Vita Kuu ya Pili ilikuwa imekwisha kuanza, vijana wa Kanada wakawa wanaingia jeshini, na timu ikamaliza msimu ikiwa ya mwisho kati ya saba. Mwaka 1942 ilisimamisha shughuli kwa kipindi cha vita. NHL ikabaki na timu sita, idadi iliyodumu hadi mwaka 1967.

Februari 1943 rais wa NHL, Frank Calder, alifariki dunia, na wamiliki wakamwomba Dutton ashike nafasi hiyo. Alikubali kwa makubaliano kwamba vita ikiisha klabu yake ya Brooklyn ingerudishwa. Aliiongoza ligi katika miaka migumu, huku nyumbani kwake kukiwa na msiba mzito: wanawe wawili waliuawa vitani.

Waswahili husema ahadi ni deni, lakini deni hili halikulipwa. Mwaka 1946 Dutton alikwenda mbele ya wamiliki akiwa na watu waliokuwa tayari kugharimia ukumbi mpya Brooklyn. Walimkatalia, kwa kuwa wenye Madison Square Garden hawakutaka mshindani mjini mwao. Dutton aliwaachia urais wao na kurejea Calgary. Inasimuliwa kwamba kwa uchungu alitamka kuwa Rangers haitatwaa Kombe la Stanley maadamu yeye yu hai, na kwamba kwa miaka zaidi ya 30 hakukanyaga tena ukumbi wa NHL.

Huko Calgary alistawi katika biashara ya ujenzi, na mwaka 1960 kampuni yake iliujenga uwanja wa McMahon kwa muda wa takriban siku 100. Mtu aliyenyimwa uwanja kwa ajili ya timu yake akawa amewajengea wengine. Aliingizwa katika Jumba la Watukufu wa Hoki mwaka 1958, na tangu mwaka 1950 alikuwa mmoja wa wadhamini wa Kombe la Stanley, kombe lile lile ambalo Rangers, iliyolitwaa mwaka 1940, ilikuwa ikilikosa kila msimu.

Mwaka 1980 klabu ya Flames ilihamishwa kutoka Atlanta kwenda Calgary. Safari hii uhamisho uliufaidisha mji wa Dutton, naye ndiye aliyepewa heshima ya kuanzisha mechi ya kwanza katika ukumbi wa Stampede Corral.

Alifariki dunia Machi 15, 1987. Rangers ililitwaa tena kombe mwaka 1994, miaka 54 baada ya ushindi wao uliotangulia. Garden aliyoijua Dutton ilikuwa imefungwa tangu mwaka 1968 na kubomolewa. Mechi za NHL zilifika Brooklyn mwaka 2015, pale New York Islanders ilipohamia ukumbi wa Barclays Center. Ukumbi huo haukuwa wao, na uliandaliwa zaidi kwa mpira wa kikapu. Mwaka 2020 waliondoka, na mwaka uliofuata wakaingia katika ukumbi mpya uliojengwa kwa ajili yao.